Mali ya Mzushi: Vita vya Msalaba vya Languedoc

Kila ninapofundisha habari za vita vya msalaba vilivyopiganwa Languedoc, kusini mwa Ufaransa, kati ya mwaka 1209 na 1229, wanafunzi hutaka kwanza kujua Wakathari, watu ambao Kanisa liliwaita wazushi, yaani wapotoshaji wa imani, waliamini nini. Huwaomba wasubiri, kwa sababu anayeanza na imani hudhani kwamba vita hivi vilikuwa mabishano ya dini yaliyoishia kwenye upanga, ilhali mengi yaliyotokea hayaeleweki mpaka liulizwe swali moja la sheria: mali ya mzushi ilikuwa ya nani?

Jibu lilitolewa mwaka 1199 na Papa Innocent III, katika waraka wa Kilatini ujulikanao kwa maneno yake ya kwanza, Vergentis in senium. Humo aliulinganisha uzushi na uhaini: ikiwa anayemsaliti mfalme hunyang'anywa mali na watoto wake hukosa urithi, sembuse anayemsaliti Kristo. Miaka tisa baadaye hoja hiyo ilitoka kwenye karatasi ikaingia vitani. Tarehe 14 Januari 1208 mjumbe wa Papa, Pierre de Castelnau, aliuawa karibu na mto Rhône, na lawama zikamwangukia Raymond VI, bwana wa Toulouse, ambaye marehemu alikuwa amemtenga na Kanisa. Papa akatangaza vita vya msalaba, akawaahidi watakaokwenda rehema, yaani msamaha wa adhabu za dhambi, ileile waliyopewa waliokwenda Yerusalemu, na akasema kwamba Mkatoliki yeyote angeweza kuitwaa ardhi ya Raymond, mradi haki ya mfalme aliye juu yake isiguswe. Mfalme Philippe Auguste wa Ufaransa hakufurahi. Alimkumbusha Papa kwamba Raymond alikuwa bado hajahukumiwa kuwa mzushi, na kwamba ardhi hiyo ilishikwa kwa idhini ya taji lake.

Sasa turudi kwenye imani. Waliowindwa hawakujiita Wakathari. Walijiita Wakristo wema, na majirani waliwaita watu wema. Kwa kadiri tunavyoweza kujua, wengi wao waliona ulimwengu huu wa vitu kuwa kazi ya mwovu, na wokovu kuwa unapatikana kwa kuwekewa mikono katika ibada iliyoitwa consolamentum, yaani faraja. Aliyeipokea hakula tena nyama, mayai wala jibini, hakulala na mwenzi, hakuua na hakula kiapo. Waumini wa kawaida waliingoja mpaka saa ya kufa. Hilo la kiapo halikuwa dogo hata kidogo, kwa kuwa katika jamii ya kikabaila kiapo ndicho kilichomfunga mtu kwa bwana wake.

Lugha yetu ina jambo la kusema hapa. Neno mzushi linatokana na kuzua, na mtaani mzushi ni yule anayetunga maneno yasiyokuwapo. Watu wema wangelikataa jina hilo, maana waliamini kwamba wao ndio walioshika njia ya mitume na kwamba Roma ndiyo iliyozua. Na wapo wanahistoria wa leo wanaosema kwamba Kanisa la Wakathari, lenye mafundisho kamili na uongozi mmoja, lilizuliwa kwa sehemu kubwa na washtaki wake. Mimi sifiki huko. Hata hivyo nakubali kwamba walioandika habari zao walikuwa zaidi maadui, na kwamba adui mwenye kitabu mkononi hupenda kuona mpango hata palipo na mazoea ya kijijini tu.

Jeshi lilikusanyika Lyon katika kiangazi cha mwaka 1209. Raymond alikwisha kuchapwa fimbo hadharani huko Saint-Gilles, akatubu, kisha akajiunga na wapiganaji wa msalaba, na kwa hila hiyo ardhi yake ikawa salama kwa muda. Jeshi likamgeukia mpwa wake, kijana Raymond-Roger Trencavel, bwana wa Béziers na Carcassonne. Tarehe 22 Julai Béziers ilitekwa kwa saa chache na watu wake wakachinjwa, Wakatoliki na wazushi pamoja. Maneno mashuhuri ya Arnaud Amalric, abati wa Cîteaux na mjumbe wa Papa katika jeshi hilo, kwamba wauawe wote kwa kuwa Mungu anawajua walio wake, yaliandikwa miaka mingi baadaye na mtawa aliyekuwa mbali, Ujerumani, na sioni sababu ya kuyategemea. Barua ya wajumbe wenyewe kwa Papa inatosha: ilidai kwa furaha kwamba karibu watu 20,000 walikufa, bila kujali cheo, jinsia wala umri. Idadi hiyo nadhani imetiwa chumvi. Furaha haikutiwa chumvi.

Carcassonne haikuchomwa, kwa sababu bwana mpya angehitaji mji wenye mali ndani yake. Wakazi walitolewa na nguo za ndani tu, na Trencavel akafia kifungoni Novemba hiyohiyo. Ardhi yake ilipotolewa kwa mabwana wakubwa kutoka kaskazini, waliikataa. Aliyeipokea ni kabaila wa kawaida, Simon de Montfort.

Tatizo la Simon lilikuwa kalenda. Rehema ilipatikana kwa utumishi wa siku 40, na zilipotimia askari walirudi kwao. Kila kiangazi aliteka ngome, kila majira ya baridi akabaki na wapiganaji wachache akitazama ngome zikiasi. Watu wema 140 walichomwa moto Minerve mwaka 1210, na mamia wengine Lavaur mwaka uliofuata, lakini nchi haikutulia. Mwaka 1213 huko Muret, jeshi la Simon lilimuua vitani Mfalme Pedro II wa Aragon, Mkatoliki ambaye mwaka mmoja tu nyuma alikuwa shujaa wa Kanisa dhidi ya Waislamu wa Hispania, na ambaye alikuja kumtetea shemeji yake Raymond. Anayesema vita hivi vilikuwa vya Wakatoliki na Wakathari na aanze kwa kueleza Muret.

Simon aliuawa kwa jiwe lililorushwa na mtambo mbele ya kuta za Toulouse mwaka 1218, na faida ikaenda kwa taji la Ufaransa. Kwa mapatano ya mwaka 1229, Raymond VII, mwana wa Raymond VI, alikubali kumwoza binti yake kwa ndugu wa mfalme. Wanandoa hao walikufa bila mtoto mwaka 1271, nayo Toulouse ikawa ya mfalme.

Watu wema walikuwapo bado. Kazi ya kuwasaka waliachiwa Wadominiko, watawa wa shirika la Dominiko, wenye madaftari. Mwaka 1245 na 1246, Bernard de Caux na mwenzake waliwahoji zaidi ya watu 5,000 mjini Toulouse. Waliuliza kidogo sana juu ya imani na sana juu ya matendo: ulimwona mzushi wapi, lini, pamoja na nani, ulimsujudia, ulimpa nini? Jibu la mmoja likawa mashtaka ya jirani, na hukumu ya kifungo ikafuatwa na kutwaliwa mali.

Mtu mwema wa mwisho tunayemjua wa Languedoc, Guillaume Bélibaste, alikimbilia milki za Aragon, na mwaka 1321 akachomwa moto Villerouge-Termenès. Aliyemrudisha kwa ulaghai ni Arnaud Sicre, aliyejifanya muumini huku akilipwa na askofu Jacques Fournier. Mama yake Sicre alikuwa amechomwa kwa uzushi na nyumba yake huko Ax kutwaliwa. Kijana alitaka arudishiwe nyumba.