Usizitupe Picha Zilizopigwa na Mtoto

Familia ikituletea sisi wahifadhi wa kumbukumbu sanduku la picha za zamani, mara nyingi huwa imeshazichambua. Za harusi na za studio zipo. Zile zilizopigwa na mtoto wa nyumbani, zilizotikisika au zenye vichwa vilivyokatwa, zimeshatupwa. Inauma, kwa sababu mtoto hupiga yale ambayo mtu mzima huyapita bila kuyatazama.

Chukua mfano wa mpiga picha Jacques Henri Lartigue, aliyezaliwa Courbevoie, Ufaransa, mwaka 1894. Baba yake alimpa kamera mwaka 1902. Mwaka 1905 alipiga picha ya magari yake ya kuchezea yakiwa sakafuni chumbani, na kamera akaiweka chini, usawa wa magari yenyewe. Mtu mzima angepiga akiwa amesimama, na tungeona vidude tu. Hapa tunaiona sakafu kama anavyoiona mtoto anayecheza. Mwaka huohuo alimnasa binamu yake akiruka kutoka kwenye ngazi, yuko hewani na sketi yake ndefu. Ukizoea picha za studio za enzi hiyo, unaweza kudhani watu wale hawakuwa na furaha. Walikuwa wameambiwa watulie tu!

Ni kweli Lartigue alitoka katika familia tajiri. Lakini tangu mwaka 1900 kampuni ya Kodak ilikuwa ikiuza Brownie, kamera ya boksi ya dola 1, na kuitangaza kwa watoto, kwa hiyo picha za namna hii hazikubaki kwa matajiri peke yao.

Dunia ilimfahamu Lartigue mwaka 1963, jumba la makumbusho la MoMA la New York lilipoonyesha kazi zake. Alikuwa na miaka 69. Picha hizo zinasomeka vizuri hadi leo kwa sababu alizipanga kwenye albamu, na katika shajara aliandika hali ya hewa ya siku na kuchora alichopiga.

Nanyi fanyeni hivyo. Nyuma ya picha, pembeni, andika taratibu kwa penseli laini: nani, wapi, lini, na hasa nani alishika kamera, maana jina hilo ndilo husahaulika kwanza. Usigandishe picha kwa selotepu. Gundi yake huacha madoa yasiyotoka. Negativi, yaani filamu ambazo picha huchapwa kutoka kwazo, zitunzeni hata kama picha iliyosafishwa ipo, kwani mara nyingi kingo za negativi huwa na mambo yaliyokatwa wakati wa kuchapa.