Je, wajua kwa nini kadi inakataa kununua gemu mtandaoni na pesa unayo?

Hili swali huku kwetu Kisumu linaulizwa sana, hasa Steam, lile duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, wakishusha bei. Mtu ana kadi ya benki, pesa iko, mchana ametoa elfu mbili kwa ATM pale Oginga Odinga Street bila shida yoyote, lakini usiku akitaka kununua gemu anaambiwa malipo yamekataliwa, tumia kadi nyingine. Sasa hiyo nyingine atoe wapi? Basi anajaribu tena na tena, anakasirika, anaapa hilo duka ni la wezi. Na mara nyingi duka hata halijahusika.

Ukweli ni kwamba ukibonyeza kulipa, ombi lako haliendi benki moja kwa moja. Linatoka dukani, linapitia kampuni inayolishughulikia hilo duka malipo yake, linaingia kwa mtandao wa Visa au Mastercard kutegemea kadi yako, ndio sasa lifike benki iliyokupa kadi, na jibu linarudi njia ile ile, yote hayo ndani ya sekunde chache. Yeyote kati ya hao anaweza kusema hapana. Wewe kwa skrini unaonyeshwa sentensi moja tu, kwa hivyo huwezi kujua ni nani amekukatalia, na hapo ndipo watu wanapotea, wanatengeneza kitu ambacho hakijaharibika.

Kumbe benki ikikataa huwa inatuma sababu, kwa namba ya tarakimu mbili. 51 ni salio halitoshi, 54 kadi imeisha muda, 57 kadi haijaruhusiwa kufanya malipo ya aina hiyo, na ile inayosumbua watu zaidi ni 05, ambayo ni benki kusema tu usilipe, bila kueleza. Wewe mnunuzi huonyeshwi hizo namba, na ni kwa sababu nzuri: mwizi mwenye kadi ya wenyewe akiambiwa tatizo ni salio au ni tarehe, ameshajua arekebishe wapi.

Kwa hivyo kabla ya kubadilisha chochote, angalia simu yako. Kama benki yako huwa inatuma SMS au ujumbe kwa apu kila ukitumia kadi, na ule usiku imekutumia kitu, hata kama ni cha kukataa, jua ombi lilifika na benki ndio ya kuulizwa. Kama simu imenyamaza kabisa, kuna uwezekano mkubwa ombi halikufika, limezuiwa na duka au na ile kampuni ya malipo, ama ulikosea kuandika namba. Hii si dalili ya uhakika asilimia mia, lakini inakuokolea muda mwingi.

Na kwa namba, hapa kuna kitu kizuri sana wengi hawajui. Namba ya kadi haijapangwa ovyo. Ikianza na 4 ni Visa, ikianza na 5 mara nyingi ni Mastercard, tarakimu za mbele zinataja benki na nchi, na ile ya mwisho kabisa ni ya kukagua zingine zote. Hesabu yake ilibuniwa na Hans Peter Luhn wa IBM miaka ya 1950. Chukua hii namba ambayo mafundi wa malipo huitumia kufanyia majaribio, 4111 1111 1111 1111. Ukianzia kushoto, zidisha mara mbili tarakimu ya kwanza, ya tatu, ya tano, hivyo hivyo mpaka mwisho: ile 4 inakuwa 8, na zile 1 saba zinakuwa 2 kila moja, jumla 14. Ongeza zile nane ambazo hukuzigusa, 8. Nane na kumi na nne na nane ni 30, inagawanyika kwa kumi, namba imekaa sawa. (Ukizidisha ukapata zaidi ya 9 unatoa 9.) Badilisha tarakimu moja tu hapo na hesabu inakataa, ndio maana ukikosea tarakimu moja fomu inakuwa nyekundu hapo hapo, hata benki haijasikia habari zako.

Tuseme sasa ni benki. Kitu cha kwanza kuangalia ni kama kadi yenyewe imefunguliwa kwa malipo ya mtandaoni. Benki nyingine hapa Kenya zinakupa kadi ikiwa inatoa pesa ATM na kulipa supamaketi tu, malipo ya intaneti na ya nchi za nje yamefungwa mpaka uyafungue mwenyewe kwa apu ama upige simu, na zingine zinaweka kiwango cha siku ambacho wewe hukuchagua. Ukipiga simu usiseme tu kadi haifanyi kazi, watakuambia kadi iko sawa na watakuwa hawajakosea. Sema hivi: "Madam, naomba uniangalilie malipo ya dola yaliyokataliwa leo saa mbili usiku, yalikataliwa kwa sababu gani?" Hapo anafungua yale malipo yenyewe na anaona ile namba.

Cha pili ni ile namba ya siri ya SMS, OTP, ambayo benki inakutumia uthibitishe malipo. Inaenda kwa laini iliyoandikishwa benki, si kwa laini unayotumia saa hii. Kama ulibadilisha laini ukiwa Nakuru ukasahau kuambia benki, hiyo OTP inaenda kwa namba ambayo haiko tena mikononi mwako. Na kuna vijana wengi wanatumia kadi ya mzazi. Kijana yuko hosteli Kakamega, mama yuko Kibuye sokoni na wateja wamemzunguka, kijana anapiga, "Mama shikamoo, kuna namba imeingia kwa simu yako, nisomee," mama anamwambia ngoja nimalize na huyu mteja, na akikuja kusoma zile dakika zimeshaisha, malipo yamekufa. Dawa ni kupatana mapema, mama ashike simu ndio ubonyeze. Na mwambie waziwazi: namba hiyo anasomewa mtoto wake peke yake, na ni wakati amejua kuna kitu kinanunuliwa. Mtu mwingine yeyote akimpigia akitaka hiyo namba, hata ajiite wa benki, akate simu.

Kuhusu salio, watu wengi wanapiga hesabu ya bei waliyoona na kusahau zingine. Steam kwa Kenya bei zake ni za dola. Gemu ya dola 59.99, dola ikiwa karibu shilingi 129, ni kama 7,740. Lakini huduma za kidijitali za kampuni za nje zinatozwa VAT hapa Kenya, asilimia 16, na kama duka linaiongeza wakati wa kulipa basi ni dola 69.59. Alafu benki haikuuzii dola kwa bei ya Benki Kuu, inaongeza yake. Tuseme ikupigie kwa 133, umefika 9,255. Ulikuwa umeweka elfu nane na mia tano ukijua imebaki chenji. Hiyo ndio ile 51, na mimi ningesema weka robo zaidi ya bei unayoona ndio uwe na amani.

Sasa upande wa duka. Kwa nini wanaouza gemu wako wakali kuliko anayeuza viatu mtandaoni? Kiatu kinasafiri siku kadhaa, malipo yakionekana ni ya wizi mzigo unarudishwa. Gemu au vaucha, ile namba ya kuongeza salio dukani, inaingia kwa akaunti saa hiyo hiyo, mwizi anaiuza, na mwenye kadi akilalamika benki inamrudishia pesa yake na hasara mara nyingi inabaki kwa duka. Pia wezi wanapenda kujaribu kadi walizoiba kwa kununua vitu vidogo vya dijitali, waone kama iko hai. Kwa hivyo hawa wauzaji wana mitambo inayoangalia kama mambo yako yanaoana: kadi ni ya nchi gani, akaunti ni ya nchi gani, intaneti unayotumia inatoka wapi, na anwani umejaza nini.

Hapo VPN, ile programu inayofanya intaneti yako ionekane inatoka nchi nyingine, inaangusha wengi. Kadi inasema Kenya, intaneti inasema Uholanzi, akaunti iliandikishwa Marekani, hata mimi ningekataa. Steam wenyewe wanakataza VPN ya kuficha nchi, na ukitaka kubadilisha nchi ya duka lazima ulipe kwa njia ya malipo ya hiyo nchi. Zima VPN kabla ya kulipa, ni hivyo tu. Kwa anwani jaza ile iliyo benki, na namba ya posta weka ya kwenu: Kisumu ni 40100, Nakuru 20100, Kakamega 50100, Bungoma 50200. Kuna mtu anaweka 254 pale, hiyo ni ya simu, na wengine wako Bungoma wanaweka 00100 ya Nairobi kwa mazoea.

Na tafadhali usijaribu mara kumi mfululizo. Kujaribu haraka haraka ndivyo mwizi anafanya, kwa hivyo mtambo unakufungia kwa muda, alafu hata ukirekebisha shida ya kwanza bado inakataa na unachanganyikiwa zaidi. Ikikataa mara mbili acha, tafuta sababu, rudi baada ya saa kadhaa ama kesho yake.

Kinachowatia watu hofu zaidi ni pesa kupungua na gemu haijaingia. Mara nyingi hiyo pesa haijaenda dukani, benki imeishikilia tu, kama mwenye duka anayekuwekea mkate kando akingoja uje. Malipo yasipokamilika inaachiliwa, ila inaweza kuchukua siku kadhaa. Piga picha ya skrini yenye saa na kiasi, ikizidi wiki mbili wapelekee benki.

Asiye na kadi ya benki kuna M-Pesa GlobalPay, ile kadi ya Visa isiyoshikika ambayo Safaricom na Visa walileta 2022, unaifungua kwa apu ya M-Pesa au *334#. Shida yake kubwa ni watu kuhifadhi CVV, zile tarakimu tatu za siri za kadi, wakifikiri ni ya kudumu. Haidumu, ni ya muda mfupi, kila ukitaka kulipa unaitisha mpya.

Wenye PlayStation wana kesi yao, maana kwa miaka mingi Kenya haijakuwa kwa orodha ya nchi ukifungua akaunti, kwa hivyo wengi wako na ya Marekani, Uingereza au Afrika Kusini, na kadi ya Kenya inagoma kwa sababu nchi hazilingani. Hapo hata benki ikufungulie kila kitu haisaidii, unanunua vaucha. Hakikisha vaucha ni ya nchi ile ile ya akaunti yako, ya Uingereza haiingii kwa akaunti ya Marekani, na uulize hivyo kabla hujatuma pesa, kwa sababu ile namba ya vaucha ikishafunuliwa muuzaji hatakubali kuirudisha.