"Daktari, Tukikata Mguu Leo, Atapona?"

Katika kazi yangu ya kutibu saratani za mifupa, hakuna swali nililoulizwa mara nyingi kama hili. Mzazi amekaa mbele yangu, majibu yametoka, neno osteosakoma limeshatajwa, na kabla sijafika mbali ananikatiza: basi kateni, kateni leo, mradi mtoto apone. Mtu anayesema hivyo ameshakubali kutoa kitu kikubwa mno, na huniuma kumwambia kwamba hata hicho peke yake hakitoshi. Tukikata mguu leo na kuishia hapo, watoto walio wengi hawaponi.

Ukielewa kwa nini, matibabu yote ya ugonjwa huu yatakueleweka.

Osteosakoma huanzia kwenye mfupa wenyewe. Seli zake zinatengeneza mfupa, lakini mfupa mbichi, usio na mpangilio, na hiyo ndiyo alama anayoitafuta mwanapatholojia, daktari anayechunguza vipande vya mwili, kwenye hadubini. Ni ugonjwa adimu, kama wagonjwa wapya 3 au 4 kwa mwaka katika kila watu milioni moja, ila kwa watoto na vijana ndiyo saratani inayoongoza kati ya zile zinazoanzia mfupani. Huja zaidi katika umri wa balehe, mifupa inaporefuka kwa kasi, na hukaa pale pale mfupa unaporefukia: mwisho wa chini wa mfupa wa paja, sehemu ya juu ya muundi, sehemu ya juu ya mfupa wa mkono karibu na bega. Karibu nusu ya wagonjwa wana uvimbe kandokando ya goti. Kuna kundi la pili, la watu waliovuka miaka 60, na baadhi yao uvimbe huota kwenye mfupa wenye ugonjwa wa Paget, unaoharibu namna mfupa unavyojijenga upya, au uliowahi kupigwa mionzi. Wachache huzaliwa na hitilafu ya jeni, kama ile ya RB1 inayoleta saratani ya jicho utotoni, au ya TP53. Wengi hawana chanzo chochote kinachoonekana. Si kosa la mzazi, na si ile siku mtoto alipoanguka mpirani. Kuanguka huko kulifanya goti litazamwe tu; ugonjwa ulikuwa umeshaingia.

Na huu ni ugonjwa wa zamani kuliko maovu yote tunayoyasingizia. Mfupa wa mguu wa kiumbe wa jamii ya binadamu uliochimbuliwa Swartkrans, Afrika Kusini, una osteosakoma, na umri wake ni zaidi ya miaka milioni 1.6.

Sasa turudi kwenye kukata. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1970, kukata ndiyo tiba iliyokuwapo. Mguu uliondolewa juu kabisa ya uvimbe, kidonda kikapona vizuri, picha ya kifua ikawa safi, familia ikarudi nyumbani na matumaini. Baada ya miezi kadhaa kijana alianza kukohoa. Waliopona kwa njia hiyo hawakufika mmoja kati ya watano. Ina maana kwamba, kwa wagonjwa wengi mno, siku ile daktari alipoliona goti kwa mara ya kwanza, mbegu za saratani zilikuwa zimeshasafiri kwa njia ya damu na kutua kwenye mapafu, zikiwa ndogo kiasi cha kutoonekana kwa kipimo chochote. Mguu ndio unaouma na ndio unaoonekana. Mapafu ndiyo yanayoua.

Terry Fox, kijana wa Kanada aliyejulikana kwa kukimbia kuchangisha fedha za utafiti wa saratani, aligunduliwa osteosakoma ya goti la kulia mwaka 1977 akiwa na miaka 18. Mguu wake ulikatwa na akapewa dawa. Madaktari walimwambia nafasi yake ya kuishi ilikuwa asilimia 50, na kwamba miaka miwili tu kabla yake ingekuwa asilimia 15. Mwaka 1980 alikimbia kwa mguu wa bandia kwa siku 143, kilomita 5,373, hadi maumivu ya kifua yalipomsimamisha. Saratani ilikuwa mapafuni. Alifariki Juni 1981.

Kilichobadilika kati ya ile 15 na ile 50 ni dawa. Madaktari Norman Jaffe na Emil Frei walionyesha kwamba dawa ya methotreksati katika dozi kubwa mno inaipiga osteosakoma. Wengine wakaonyesha hivyo kwa doksorubisini, kisha sisplatini. Hata hivyo wapo waliotilia shaka, wakidhani labda upasuaji na picha bora ndivyo vilivyoleta nafuu. Ndipo ukafanyika utafiti mdogo ninaouheshimu sana, uliochapishwa mwaka 1986: wagonjwa 36 waliokwisha kupasuliwa waligawanywa kwa bahati nasibu, wengine wakapewa dawa, wengine wakafuatiliwa tu. Baada ya miaka miwili, ambao ugonjwa haukuwarudia walikuwa asilimia 17 upande wa wasiopewa dawa, na 66 upande wa waliopewa. Tangu hapo mjadala ulikwisha. Kila ninapomweleza mzazi kwa nini siendi chumba cha upasuaji kesho asubuhi, nawafikiria wale waliokuwa upande wa asilimia 17.

Mpango wa leo kwa vijana ni dawa hizo hizo tatu, kisha upasuaji, kisha dawa tena. Tunaanza na wiki kama 10 za dawa, tunapasua, tunarudi kwenye dawa. Kwa karatasi ni wiki 29, kwa uhalisia huvuka, maana damu hushuka, homa huingia, na dozi husogezwa. Methotreksati hupewa gramu 12 kwa kila mita ya mraba ya eneo la mwili, kiasi ambacho kingemuua mgonjwa kama asingepewa dawa ya kumwokoa, yaani asidi ya foliniki, saa 24 baada ya dripu kuanza. Figo lazima zikojoe sana, mkojo usiwe na tindikali, na damu ipimwe kila siku hadi dawa ishuke. Hii si tiba ya kufanywa mahali pasipo na maabara ya kupima kiwango hicho. Sisplatini hupunguza usikivu wa masikio na kuchosha figo. Doksorubisini inaweza kuudhoofisha moyo, hata miaka mingi baadaye. Kwa kijana aliyebalehe, mbegu zake za uzazi zihifadhiwe kabla dripu ya kwanza haijafungwa. Mazungumzo hayo huwa ya aibu kwa familia nyingi na hurukwa, na baadaye hujutiwa.

Kabla ya yote hayo kuna kinyama, yaani kipande cha uvimbe kinachochukuliwa ili kipimwe. Nitakaa hapa kidogo, kwa sababu hapa ndipo nimeona mguu unaoweza kuokolewa ukipotea. Kinyama cha kupima huonekana kazi ndogo: chale, kipande, nyuzi mbili. Lakini njia inayopitwa na sindano au kisu hupakwa seli za saratani, na njia hiyo yote lazima iondolewe pamoja na uvimbe siku ya upasuaji mkubwa. Chale ikipigwa kwa kulala badala ya kwenda na urefu wa mguu, au ikapita karibu na mishipa mikubwa, au damu ikasambaa ndani ya misuli, daktari atakayefuata hana pa kupita. Daktari wa mifupa Henry Mankin na wenzake walichapisha mwaka 1982 uchunguzi wa wagonjwa zaidi ya 300, na kati ya kila 100, 4 au 5 walikatwa kiungo ambacho kisingekatwa kama kinyama kingechukuliwa sawasawa. Walipochunguza tena mwaka 1996 hali haikuwa imebadilika kwa kiasi cha kuridhisha. Kwa hiyo eksirei ikionyesha uvimbe wa mfupa wenye shaka, mgonjwa apelekwe kwanza, kinyama kichukuliwe na timu itakayompasua. Usikubali kuambiwa "tuchukue hapa hapa, tuokoe muda." Muda hauokolewi hivyo.

Kuhusu eksirei: maumivu ya kukua huwa ya miguu yote miwili, asubuhi yameisha, na hayana uvimbe. Maumivu ya upande mmoja, mahali pale pale, yanayoongezeka wiki hadi wiki na kumwamsha mtoto usiku, yanataka picha. Goti hilo lisichuliwe wala kufungwa bandeji kwa miezi.

Upasuaji wenyewe, siku hizi, kwa wengi si wa kukata mguu. Tunatoa kipande cha mfupa chenye ugonjwa pamoja na nyama nzima inayokizunguka, tunaweka mfupa wa chuma au mfupa uliotolewa na mtu mwingine. Kwa watoto wanaoendelea kukua kuna chuma kinachoweza kurefushwa. Pale uvimbe unapoweza kutolewa wote kwa usalama, kukata kiungo hakumwongezei mtoto maisha. Lakini usipoweza, kata. Daktari anayeokoa mguu huku akiacha saratani kwenye kingo hajamsaidia mtu. Ipo pia njia ya kutoa goti na kuugeuza mguu wa chini kisigino kikatazama mbele, ili kifundo kifanye kazi ya goti ndani ya mguu wa bandia. Mara ya kwanza huwashtua watu, nami nawaelewa, ila nimeona watoto wakikimbia nao kwa namna ambayo chuma hakiruhusu.

Kipande tulichotoa huenda kwa mwanapatholojia, na jibu lake ndilo ninalolisubiri kuliko yote: dawa zimeua kiasi gani? Ikiwa asilimia 90 au zaidi ya uvimbe imekufa, matarajio ni mazuri. Ikiwa chini ya hapo, yanashuka, ingawa wengi bado hupona. Kwa miaka tulidhani kwamba wenye majibu dhaifu wangesaidika kwa kuongezewa dawa. Utafiti mkubwa wa kimataifa, EURAMOS-1, uliosajili wagonjwa zaidi ya 2,200 kuanzia 2005 hadi 2011, ulijaribu kuwaongezea dawa mbili nyingine, ifosfamidi na etoposidi. Madhara yaliongezeka, uponaji haukuongezeka. Ndiyo maana sikimbilii kuongeza dawa, hata familia inaponisihi.

Namba ambazo kila mtu anataka ni hizi. Ugonjwa ukiwa bado haujaonekana kwingine, kati ya wagonjwa 100 kama 60 hadi 70 wako hai baada ya miaka mitano. Ukiwa umeshaonekana mapafuni au kwenye mifupa mingine siku ya kwanza, na hao ni kama mmoja kati ya watano, ni 20 hadi 30. Ndani ya namba hizo kuna tofauti kubwa. Uvimbe wa nyonga au uti wa mgongo ni mgumu kuliko wa goti kwa sababu hautoki wote kirahisi. Vinundu viwili kwenye pafu moja si sawa na ishirini kwenye yote mawili. Vinundu vikiweza kutolewa, tunavitoa, kimoja kimoja, na ugonjwa ukirudi mapafuni tunaweza kupasua tena. Nina wagonjwa waliopasuliwa kifua zaidi ya mara moja na wanaishi. Bila kuvitoa vyote, dawa peke yake huchelewesha tu. Mionzi nayo hainisaidii sana hapa, maana osteosakoma huistahimili. Naitumia pale kisu kisipofika, au kutuliza maumivu.

Baada ya dripu ya mwisho, miaka miwili ya kwanza ndiyo ninayoihofia zaidi, kwa hiyo mtoto huja kila baada ya miezi michache. Huingia kliniki akinionyesha jinsi anavyokunja goti lake jipya, kwa fahari, na mimi hufurahi naye. Lakini bahasha ya picha ya kifua ndiyo ninayoifungua kwanza.