Serikali ikikukata juu kwa juu kabla usuluhishi haujaisha: mambo yalivyo India

Idara ya serikali inamwandikia mkandarasi: kazi yako ina kasoro, unadaiwa gharama za kuirekebisha, tutazikata kwenye malipo ya mikataba yako mingine. Mkandarasi anakana, na mkataba una kifungu cha usuluhishi, yaani mgogoro uamuliwe na wasuluhishi badala ya mahakama. Je, mahakama itazuia makato hadi wasuluhishi waamue? Nchini India bado naona maombi ya zuio yanayoegemea hukumu iliyokwisha kupinduliwa.

Hukumu yenyewe ni Raman Iron Foundry ya mwaka 1974. Mahakama ya Juu ilisema dai la fidia si deni: anayetuhumiwa kuvunja mkataba hadaiwi chochote mpaka iamuliwe kwamba kweli aliuvunja, na hasara ni kiasi gani. Kwa hiyo kifungu cha 18 cha masharti ya jumla ya mikataba ya serikali, kinachoruhusu serikali kukata malipo ya mkataba mwingine, kikasomwa kuwa kinahusu tu pesa ambazo tayari ni deni linalopaswa kulipwa. Mwaka 1983, katika Kamaluddin Ansari, majaji watatu walikataa usomaji huo. Kifungu kinataja "dai", basi dai latosha. Na hoja iliyo nzito zaidi kwangu ni hii: kuikataza serikali isishikilie pesa ni kuiamuru ilipe, kwa mlango wa nyuma, kabla shauri halijasikilizwa. Mwaka 2016, katika Gangotri Enterprises, majaji wawili waliifuata tena ile ya 1974. Mwaka 2020, katika Amber Builders, Mahakama hiyo hiyo ikasema Gangotri haifai kufuatwa kwa sababu ilisimama juu ya hukumu iliyopinduliwa.

Kwa hiyo kabla ya kuandika ombi, jiulize kwanza pesa ziko mkononi mwa nani. Zikiwa kwa serikali na kifungu kinataja "dai", zuio ni gumu kulipata. Serikali ikishikilia dhamana ya benki, yaani ahadi ya benki yako kuilipa ikidai, ni gumu zaidi: utatakiwa kuonyesha udanganyifu wa wazi, au madhara yasiyoweza kurekebishwa kabisa, na kuishiwa mtaji peke yake hakutoshi. Lakini serikali ikitaka kukufuata nyumbani, ikipeleka cheti cha kiasi inachokudai kwa mkusanya kodi wa wilaya ili fidia ikusanywe kama malimbikizo ya kodi ya ardhi, hapo una silaha. Katika Rameshwara Rice Mills ya 1987 ilielezwa kwamba afisa wa upande mmoja hawezi kuwa hakimu wa kesi yake mwenyewe. Anaweza kukadiria fidia pale tu ambapo uvunjaji wa mkataba haubishaniwi. Kwa sababu hiyo, jibu barua ya kwanza kwa maandishi, ukanushe kosa kipengele kwa kipengele. Ukinyamaza, unaijengea serikali hoja kwamba hakuna ubishi.

Ombi lenyewe huletwa chini ya kifungu cha 9 cha Sheria ya Usuluhishi ya 1996. Ukilileta kabla usuluhishi haujaanza na ukapewa amri, una siku 90 za kuuanzisha, na usuluhishi huhesabiwa umeanza siku mpinzani alipopokea notisi, si siku uliyoiandika. Jopo la wasuluhishi likishaundwa, mahakama kwa kawaida itakurudisha huko, chini ya kifungu cha 17. Tangu marekebisho ya 2015 amri ya jopo inatekelezwa kama ya mahakama. Usiombe zuio tupu. Weka ombi mbadala: kiasi kinachobishaniwa kiwekwe kwenye akaunti yenye riba, au kiachiliwe dhidi ya dhamana ya benki utakayoitoa wewe. Ombi la namna hiyo halikutani na hoja ya 1983 uso kwa uso.

Wasomaji wa Tanzania, msiyapite haya haraka. Sheria yetu ya Mikataba ilichotwa kwenye ile ya India ya 1872, na vifungu vya 73 na 74 kuhusu fidia vina namba zile zile kule. Ukinukuu hukumu ya India mbele ya jaji wa hapa, hakikisha si ile ya 1974.