Cécile Decugis: mkasi nyuma ya "À bout de souffle"

Machi 1960, kumbi za Paris zilianza kuonyesha À bout de souffle, filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji Jean-Luc Godard, na watazamaji wakashangaa kuona picha zinaruka. Mwigizaji Jean Seberg amekaa garini, mwenzake Jean-Paul Belmondo anamsemesha bila kukoma, lakini mtaa unaopita nje unabadilika ghafla, kana kwamba kuna sekunde zimenyofolewa. Zilinyofolewa kweli, na mhariri alikuwa Cécile Decugis.

Toleo la awali lilikuwa refu mno, ikabidi lishushwe hadi dakika 90 hivi. Desturi ilikuwa kuondoa matukio mazima. Safari hii walikata ndani ya shoti yenyewe, yaani kipande kilichopigwa mfululizo bila kuzima kamera: unatoa katikati, unaunga mwanzo na mwisho. Kwa mafundi wa enzi hizo huo ulikuwa uzembe wa mwanagenzi, maana mkato mzuri kwao ni ule usioonekana. Kilichosaidia ni kwamba mazungumzo yalirekodiwa baadaye studio, hivyo sauti iliweza kutiririka juu ya picha zilizokatika. Sifa zote hupewa Godard. Sikatai kwamba uamuzi ulikuwa wake, ila kusema "punguza" si sawa na kujua ni fremu ipi, yaani picha moja kati ya 24 za kila sekunde, ndiyo ya kukatia.

Uhariri ulikuwa miongoni mwa kazi chache za filamu Ufaransa zilizokuwa na wanawake wengi. Sababu yake ina dharau ndani: kukata na kuunga mkanda kulionekana kama ushonaji tu. Decugis alikuwa tayari amehariri Les Mistons, filamu fupi ya mwongozaji François Truffaut, na mwaka 1957 alitengeneza yeye mwenyewe filamu fupi kuhusu wakimbizi wa Algeria waliokuwa Tunisia.

Algeria ndiyo iliyokatiza kazi yake. Vita vya uhuru vilikuwa vimeanza 1954, naye aliwasaidia wapiganaji wa FLN, chama kilichopigania uhuru wa Algeria kutoka Ufaransa, kwa kuwapatia nyumba iliyokodiwa kwa jina lake. Mwaka uleule wa À bout de souffle alikamatwa, akahukumiwa kifungo cha miaka mitano, akatumikia takriban miwili. Filamu iliyomhusisha na mapinduzi ya sinema ikizunguka duniani, yeye alikuwa gerezani. Filamu iliyofuata ya Godard, Le Petit Soldat, ilihaririwa na wengine, akiwemo Agnès Guillemot. Nayo iligusa vita hivyohivyo, ikapigwa marufuku hadi 1963.

Alipotoka alirudi kazini, na hapa ndipo ninapomwona fundi kamili. Alihariri filamu za mwongozaji Éric Rohmer, zikiwemo Ma nuit chez Maud ya 1969 na Le Genou de Claire ya 1970, ambazo ni kinyume kabisa cha zile ruka-ruka. Watu wanakaa, wanabishana kuhusu imani na mapenzi, shoti inadumu. Aliyekatakata shoti sasa anajizuia kukata. Ukiitazama Maud, angalia ni mara ngapi unamsikia mmoja akisema huku unamtazama anayesikiliza. Uso ule lazima upigwe kwanza na mwongozaji, lakini ukae kwa muda gani kabla ya kumrudia msemaji, hilo huamuliwa kwenye meza ya kuhariria.