Mto Pangani: barafu, Ruvu mbili na mengine yanayochanganywa

"Mto Pangani ni theluji ya Kilimanjaro inayoyeyuka." Hii ndiyo dhana iliyokita mizizi kuliko zote, na hesabu yake haikubali. Mwaka 1912 barafu yote ya mlima ule ilikuwa kama kilomita za mraba 12. Kufikia 2011 zilikuwa zimebaki chini ya mbili, wakati bonde la Pangani lina kilomita za mraba zaidi ya 40,000. Isitoshe, barafu ya kileleni nyingi haigeuki kijito. Jua na hewa kavu huigeuza mvuke hukohuko juu.

Mto huu ni mtoto wa msitu. Mteremko wa kusini, kwenye mwinuko wa mita 2,000 hivi, hupata mvua inayopita milimita 2,000 kwa mwaka, na ukungu nao hunaswa na matawi ukadondoka chini tone kwa tone. Maji huzama kwenye miamba ya volkeno, kisha huibukia mbali, hata tambarare kunakowaka jua. Nenda Chemka, upande wa Boma Ng'ombe: pande zote ni vumbi na miiba, halafu ghafla kuna dimbwi la buluu angavu, maji yakibubujika kutoka chini ya mizizi. (Wageni huambiwa ni chemchemi ya maji moto. Waingie tu, hawataungua.) Kwa hiyo mwenye hofu na Pangani aache kuhesabu barafu, aangalie msitu unavyokatwa na maji yanavyochotwa njiani.

Wengine hudhani kuna mto unaoitwa Pangani unaoshuka kutoka mlimani. Haupo. Ukipanda basi Moshi kwenda Arusha utavuka mito ya Karanga, Weruweru na Kikafu. Hiyo yote humwaga maji Kikuletwa, ambao pia hukusanya vijito vya Mlima Meru. Upande wa mashariki kuna Lumi, unaopita Taveta, nchini Kenya, na kuingia Ziwa Jipe. Kutoka ziwani unaitwa Ruvu. Kikuletwa na Ruvu hukutana kwenye bwawa la Nyumba ya Mungu, lililojengwa miaka ya 1960, na kinachotoka hapo ndicho ramani huita Pangani, kwa jina la mji ulio mdomoni mwa mto. Wenyeji hawakulazimika kuifuata ramani. Wilayani Same, chini ya bwawa, vijiji bado vinaitwa Ruvu Mferejini na Ruvu Jiungeni. Mbele zaidi mto hupokea Mkomazi na Luengera, huzungusha mitambo ya umeme ya Hale, ndipo ufike baharini.

Kwenye jina hilo la Ruvu ndipo unapozaliwa mkanganyiko mwingine: kwamba Ruvu ni moja. Ruvu inayoinywesha Dar es Salaam, ile ya mitambo ya maji ya Ruvu Juu na Ruvu Chini, inatoka milima ya Uluguru, Morogoro, na kuingia baharini karibu na Bagamoyo. Wasafiri wa Ulaya wa karne ya 19 waliiandika Kingani. Timu ya soka ya Ruvu Shooting ni ya huku, Mlandizi, wala haina undugu na Ziwa Jipe. Mito hii miwili haichangii hata tone moja, na hata bodi za maji ni mbili: ya Pangani iko Moshi, ya Wami/Ruvu iko Morogoro. Kwa hiyo mvua ikinyesha Rombo, bomba la Kimara, Dar es Salaam, halihusiki.

Kuna pia wanaosema Pangani ni wa Tanzania peke yake. Lumi imeshajibu hilo, na mpaka na Kenya umepita katikati ya Jipe.

La mwisho ni imani kwamba mto mkubwa hauwezi kushindwa na bahari. Mdomoni Pangani, mtiririko ukipungua kwa sababu ya mashamba na mabwawa ya juu, maji ya chumvi hupanda mtoni, na wenye minazi na mashamba kandokando ndio wa kwanza kuumia.