Chama cha "Hawajui Kitu" hakikuwa chama cha wajinga

Wengi waliosoma kuhusu chama cha Marekani cha miaka ya 1850 kilichopewa jina la "Hawajui Kitu" huamini kwamba kiliitwa hivyo kwa sababu wafuasi wake walikuwa mbumbumbu. Sivyo. Kilichipuka kutoka kikundi cha siri cha New York, ambacho wanachama wake walikula kiapo, na kila walipoulizwa habari zake walitakiwa kujibu kwamba hawajui kitu. Walikuwamo mawakili na wafanyabiashara, na hilo ndilo linalonisikitisha zaidi, kwa kuwa chuki yao dhidi ya wahamiaji Wakatoliki, hasa wa kutoka Ireland, ilipangwa kwa akili timamu: walitaka mgeni angoje miaka 21 kabla ya kupewa uraia. Mwaka 1854 walitwaa ugavana wa Massachusetts na karibu viti vyote vya bunge la jimbo hilo. Mwaka uliofuata kamati ya bunge ikaingia katika shule ya masista huko Roxbury, ikapekua hadi makabati, isione kosa lolote. Katika uchaguzi wa urais wa 1856, mgombea wao, Millard Fillmore, alishinda jimbo la Maryland pekee.